Beringi mpya zimekufa kabla ya mwezi: zisome kwanza kabla hujanunua nyingine

Swali: Habari ya kazi, fundi. Nina Hiace ya injini 3L, inafanya kazi ya teksi kati ya Mbale na Kapchorwa. Iligonga, kranki ikapelekwa Kampala kusagwa, ikarudi na beringi mpya za 0.25 (yaani za kranki iliyopunguzwa mm 0.25). Mwezi haujaisha, inagonga tena. Makanika anasema ni konrodi (mkono unaounganisha pistoni na kranki) namba tatu, na kwamba beringi tulizouziwa ni feki. Anataka tusage tena twende 0.50. Taa ya oili haijawahi kuwaka hata siku moja. Je, kweli kosa ni la beringi? Na zinafanyaje kazi hata zife upesi namna hii?

Jibu: Feki zipo, hakuna anayebisha. Lakini beringi iliyokufa kabla ya mwezi mara nyingi imeuawa na kitu kingine, na kitu hicho kitaua na hizo za 0.50. Kwa hiyo mambo mawili leo hii. Zima gari, lisiendeshwe tena hata kufika gereji, livutwe. Halafu mwambie makanika asitupe ganda hata moja la beringi. Ayaandike kwa peni ya rangi mgongoni, namba ya silinda, la juu au la chini, na yote nane ya konrodi na kumi ya meni (beringi zinazoishika kranki kwenye bloku) yapangwe mezani kwa mpangilio wake. Hapo ndipo jibu lako lilipo.

Beringi hizi hazina gololi. Kwenye Boxer ya boda boda utakuta gololi zinabeba kranki na sindano ndani ya konrodi, na hizo zinaridhika na oili ya kurushiwa tu. Injini yako inatumia maganda laini ya nusu duara, na yakifanya kazi sawasawa chuma hakigusi chuma kabisa. Shingo ya kranki, yaani sehemu yake inayokaa ndani ya beringi, inapozunguka inaiburuta oili na kuisukumiza kwenye nafasi nyembamba kati yake na ganda. Oili haina pa kukimbilia, presha yake inapanda, inainyanyua shingo juu. Ni kama tairi inayokimbia juu ya maji barabarani mpaka ikaacha kushika lami. Kwa tairi hiyo ni balaa, kwa kranki ndiyo uhai wake.

Utando huo unabeba nini? Pistoni ya 3L ina kipenyo cha mm 96, yaani eneo la sentimita za mraba 72 na ushei. Tukichukua presha ya bar 70 wakati dizeli inawaka, konrodi inasukumwa chini kwa uzito wa tani 5 hivi. Kwa mizunguko 3,000 kwa dakika, kila silinda inapiga hivyo mara 25 kwa sekunde. Pampu ya oili haiwezi kubeba tani 5, presha yake ni kilo chache tu kwa sentimita ya mraba. Kazi ya pampu ni kuleta oili ya kutosha mlangoni, na anayebeba ni mzunguko wenyewe wa shingo. Ndiyo maana mambo matatu yakibadilika utando unakatika: mzunguko ukiwa mdogo huku mzigo ni mkubwa, oili ikiwa nyepesi kuliko inavyotakiwa, au nafasi ikiwa si ile iliyopangwa.

Nafasi hiyo ni ndogo. Kwa konrodi za injini za ukubwa wa yako, vitabu hutaja kati ya mm 0.03 na 0.07, na ikifika 0.10 beringi imekwisha. Makanika wengi hudhani 0.12 badala ya 0.06 ni kulegea kidogo tu. Oili inayovuja pembeni mwa beringi inaongezeka kwa nguvu ya tatu ya nafasi, kwa hiyo ukiizidisha nafasi mara mbili uvujaji unakuwa mara nane. Presha inashuka kwa wote, na aliye mwisho wa mstari analala njaa. Mwisho wa mstari ni konrodi. Oili inatoka pampu, inapita kwenye filta, inaingia kwenye njia kuu ya bloku, inalisha beringi za meni, kisha inapenya kwenye tundu lililochimbwa ndani ya kranki mpaka shingo ya konrodi. Konrodi inakula kilichobakizwa na meni.

Ganda lenyewe lina mgongo wa chuma, juu yake tabaka la kopa na risasi au aluminiamu na bati, na kwa yale ya tabaka tatu kuna mpako laini juu kabisa wa mm 0.02 hivi, mwembamba kuliko unywele. Wazo la kuweka madini laini chini ya shafti ngumu ni la zamani, Mmarekani Isaac Babbitt alilipatia hataza mwaka 1839, na sababu yake haijabadilika: kipande cha uchafu kikiingia, kizame kwenye ganda badala ya kuichana shingo. Lakini kinazama kidogo tu. Punje kubwa kuliko unene wa mpako inabaki imechomoza, na hiyo sasa ni tupa.

Turudi kwenye namba tatu. Kwanza mhakikishe ni konrodi kweli, kwa kuwa dizeli ina mlio wake unaofanana. Kabla ya kushusha sampu (beseni la oili chini ya injini), injini ikiwa imetulia, yaani inawaka bila kukanyagwa mafuta, legeza nati ya bomba la nozeli (kinachonyunyiza dizeli kwenye silinda) moja baada ya nyingine. Mlio wa kugonga ukipungua sana kwenye namba tatu, tatizo liko kwenye silinda hiyo, lakini bado hujui kama ni konrodi au nozeli inayomwaga mafuta, maana ukikata mafuta zote mbili hunyamaza. Konrodi inasikika zaidi unapoachia mafuta ghafla toka mizunguko 2,000 hivi. Nozeli mbovu mlio wake ni mkali, kama nyundo ndogo, na mara nyingi huja na moshi. Mlio wa meni ni mzito, uko chini, unatokea injini ikibeba mzigo, na kukata silinda moja peke yake mara nyingi hakuupunguzi sana. Pistoni iliyolegea hugonga asubuhi ikiwa baridi kisha hunyamaza ikipata moto. Msianze kufungua injini nzima kwa ajili ya nozeli.

Kuhusu taa: isikutulize. Swichi yake huwasha taa presha ikiwa imeshuka mpaka karibu na sifuri, kiasi cha kilo 0.3 hadi 0.5. Fundi aifungue swichi, afunge geji ya mkono kwenye tundu lake, aipime injini ikiwa na moto kamili. Toyota kwa injini za namna hii hutaka angalau kilo 0.3 ikiwa imetulia na kati ya 2.5 na 6.0 kwenye mizunguko 3,000. Ukipata 1.5 kwenye 3,000, taa haitawaka na beringi zitaendelea kufa. Kipimo hiki hakimalizi hata nusu saa na ndicho kinachorukwa kila mara. Kwako wewe, inayogonga tayari, msiipandishe kwenye 3,000. Pimeni ya kutulia tu, ile nyingine ingojee mpaka injini ifungwe upya.

Sasa maganda mezani. Swali la kwanza: zimekufa zote au imekufa moja? Zikiwa zote zimechoka, msake kinacholisha wote: pampu, vali ya presha, chujio lililo ndani ya sampu, oili yenyewe, uchafu. Silikoni iliyopakwa nene kwenye sampu hukatika vipande na kuziba chujio hilo. Ukilikuta na nyuzi nyuzi za mpira, umempata muuaji mmoja. Lakini ikiwa namba tatu ndiyo iliyokufa na jirani zake wana sura nzuri, pampu haina kesi. Kosa ni la hapo hapo: tundu lake limeziba, konrodi yake imepinda au mdomo wake si duara tena, kepu yake (kifuniko kinachofungwa chini ya konrodi) imegeuzwa, shingo yake imesagwa vibaya, au nozeli yake ndiyo inayopiga.

Ganda lenye michirizi ya kuzunguka na vidoti vinavyong'aa vilivyozama ndani yake limekula uchafu, na baada ya kusaga, uchafu huo ni unga wa jiwe la kusagia uliobaki kwenye matundu ya kranki. Kwa injini iliyokufa baada ya kusagwa upya, huyu ndiye mshukiwa ninayemshika wa kwanza. Ganda lililopakazwa, madini yakavutwa pembeni, mgongo wake ukawa mweusi au wa bluu, limekosa oili likaungua. Ukiona alama ya kubanwa kwenye ukingo mmoja wa ganda la juu na ukingo wa upande wa pili kwenye la chini, konrodi imepinda. Hii hutokea injini ikiwahi kunywa maji, na gari lililopita kwenye mafuriko ya Elgon halihitaji maelezo mengi. Uso uliopasuka pasuka na kubanduka vipande kama tope lililokauka ni uchovu wa kupigwa kupita kiasi. Uso wa kijivu uliofifia wenye matundu madogo umeliwa na oili yenye maji au iliyokaa muda mrefu.

Angalia pia ni ganda lipi limeumia. Kwenye konrodi, la juu ndilo linalopokea kishindo cha mwako. Kwenye meni ni la chini. La juu la namba tatu likiwa limepigwa na la chini bado lina rangi yake, fikirieni nozeli, taimingi ya pampu ya dizeli iliyowahishwa mno, au uendeshaji. Uendeshaji nausema kwa sababu ya njia yako. Kupandisha kwenda Kapchorwa na abiria wamejaa, dereva akang'ang'ania gia ya nne injini ikinguruma kwenye mizunguko 1,300, ni kumpa konrodi mzigo mkubwa kabisa wakati mzunguko wa kujenga utando ni mdogo kabisa. Dereva huona anabana mafuta. Ashuke gia ya tatu mapema, injini iwe juu ya 2,000.

Geuza ganda uone mgongo. Uking'aa sehemu sehemu, lilikuwa linacheza ndani ya konrodi. Maganda mawili yakiwekwa, ncha zake huzidi nusu duara kwa kiasi kidogo sana, na kepu ikifungwa ziada hiyo inabanwa, ganda linang'ang'ania konrodi na joto linapita kwenda kwenye chuma. Ule ulimi mdogo pembeni ni wa kuonyesha mahali pa kukaa tu, hauna nguvu ya kulizuia ganda lisizunguke. Hapa kuna dawa za kienyeji ambazo lazima nizikemee kwa sauti: kepu kupigwa tupa "ili ibane", na karatasi ya sigara au ya aluminiamu kuwekwa nyuma ya ganda. Tupa inafanya mdomo wa konrodi uwe yai. Karatasi inazuia joto kutoka. Muulize makanika wako taratibu, bila kumtuhumu, kama mojawapo ilifanyika. Na aangalie namba zilizochongwa ubavuni mwa konrodi na kepu: kila kepu na konrodi yake, namba upande mmoja. Kepu ya mbili ikifungwa kwenye tatu, inaweza kufungika vizuri na bado isiwe duara.

Baada ya kusoma, kupima. Shingo namba tatu ipimwe kwa maikromita sehemu mbili kwa urefu na pande mbili kila sehemu. Tofauti yoyote ikizidi mm 0.02, shingo ina yai au imechongoka, na beringi yoyote itakufa hapo, ya kweli au ya feki. Chukua kipenyo cha shingo mpya kilichoandikwa kwenye kitabu cha injini, toa 0.25 kamili, linganisha. Mashine ikiwa imesaga 0.30, feki wako alikuwa mwenye mashine. Kisha kepu ya konrodi ifungwe bila maganda kwa spana ya toki (inayopima nguvu ya kukaza), mdomo upimwe pande tatu. Konrodi ambayo ganda lake lilizunguka au kuungua mara nyingi haiwi duara tena. Irekebishwe kwenye mashine au inunuliwe nyingine. Ukitafuta ya mkono wa pili kwenye maduka ya spea Kisekka, ilete na kepu yake, na ilinganishwe uzito na zile tatu zako.

Hapo sasa ndipo swali la 0.50 linapokuja. Kama shingo ina michirizi ya kukwama kucha, ndiyo, isagwe, na shingo zote nne za konrodi ziende saizi moja. Kabla ya kulipa, kranki ichunguzwe ufa, maana joto la namba tatu linaweza kuwa limeipasua. Penye mashine ya sumaku watumie sumaku. Pasipo nayo, osha, paka mafuta ya taa, acha dakika 20, futa ikauke, paka chaki nyeupe kwenye kona za shingo. Ufa utajichora mstari uliolowa. Kranki yenye ufa haisagwi, inatupwa. Pia mwambieni mwenye mashine asiue ule mviringo mdogo kwenye kona ambako shingo inakutana na ubavu. Kona ikiwa kali kranki inavunjika pale pale, ikiwa nene mno ukingo wa ganda unaipanda. Akishapolishi, chukua waya mnene wa kopa, sugua juu ya shingo: ukiacha rangi ya kopa, shingo bado ina meno, arudie.

Kuosha ndiko kazi iliko. Kranki ikitoka mashineni, plagi za njia za oili zifunguliwe kama zipo, brashi nyembamba ipitishwe tundu hadi tundu kwa dizeli, halafu maji ya moto na sabuni, halafu upepo wa kompresa. Pitisheni kitambaa cheupe kwa waya ndani ya kila tundu; kikitoka na weusi, rudieni. Bloku nayo hivyo hivyo, na kipozeo cha oili, maana uchafu wa ajali ya kwanza umejificha humo. Pampu ifunguliwe, meno na kifuniko vikaguliwe mikwaruzo. Filta iwe mpya.

Kufunga: mgongo wa ganda na kitako chake viwe vikavu na safi, uso ndio upakwe oili. Maganda ya meni yenye tundu na mfereji yakae upande wa bloku. Likiwekwa chini, tundu la bloku limezibwa, na konrodi inayolishwa kutoka hapo haifiki hata Sironko. Nafasi ipimwe kwa plastigeji, kiuzi cha plastiki kinachobanwa kikatanuka: shingo kavu, kipande kilazwe kwa urefu wa shingo, kepu ifungwe kwa toki ya kitabu, kranki isizungushwe, ifunguliwe, upana usomwe kwenye karatasi yake. Ukipata 0.04 hadi 0.06 endelea. Ukipata 0.09 kwenye beringi mpya simama. Hapo ama ganda ni feki ama shingo imesagwa kupita. Hapa ndipo feki anapokamatwa, kabla injini haijawaka. Meni zifungwe kuanzia katikati kwenda nje, kwa awamu tatu, na kila kepu ikishafungwa kranki izungushwe kwa mkono. Ikikaza baada ya kepu fulani, kosa ni la kepu hiyo. Mwisho, sogeza kranki mbele na nyuma, pima kwa fila geji (vibamba vya kupimia upenyo): washa zake za pembeni zikiwa nzima utapata kati ya mm 0.04 na 0.25, kikomo 0.30.

Msiiwashe kavu. Jazeni filta oili, chomoeni waya wa solenoidi inayokata dizeli kwenye pampu, pigeni stata sekunde kumi kumi mkipumzika katikati mpaka ile geji ya mkono ipande. Ndipo waya urudi. Oili iwe 15W-40 ya dizeli kutoka duka lenye sifa, isiwe ya kupimiwa kwenye mtungi, na isizidi alama ya juu kwenye stiki. Ikizidi sana kranki inaipiga povu, na povu halibebi tani 5. Kilomita 500 za kwanza gari lifanye kazi za tambarare, Mbale na Tororo huko, bila kupakia kupita kiasi. Zikiisha, mwaga oili, kata filta kwa msumeno wa bati (pitisha sumaku kwanza kuondoa unga wa msumeno wenyewe), kunjua karatasi yake juani. Vumbi jembamba la kijivu ni la kawaida kwa injini mpya. Vibamba vya kung'aa ambavyo sumaku haivishiki ni vya beringi, na hapo sampu ishuke tena siku hiyo hiyo, kabla ya kusikia mlio wowote wa kugonga.